Makosa ya Sarufi ya Kiingereza Miongoni mwa Wasemaji wa Kiswahili: Chanzo Chake na Namna ya Kuyasahihisha

1. Utangulizi

Na ichukuliwe kwamba mgonjwa mmoja amelazwa hospitalini akingoja kupasuliwa. Alfajiri ya siku hiyo amekunywa chai na kula kipande cha mkate, jambo ambalo alikuwa amekatazwa. Muuguzi anamwuliza kwa Kiingereza: "Didn't you eat anything this morning?" Mgonjwa hataki kusema uongo, naye anajibu: "No." Moyoni mwake amelijibu swali la Kiswahili, "Hukula kitu asubuhi hii?", na jibu lake ni "La", yaani si kweli kwamba hakula. Muuguzi, kwa upande wake, amesikia jibu la Kiingereza, na katika Kiingereza "No" hiyo ina maana kwamba mgonjwa hakula kitu. Anaandika kwamba tumbo ni tupu. Lakini mtu anayetiwa dawa ya usingizi ilhali ana chakula tumboni yumo hatarini, kwa sababu chakula hicho chaweza kupanda na kuingia mapafuni. Hapana aliyedanganya hapo, wala hapana aliyekosa akili. Ni sarufi mbili zilizopishana katika neno moja la silabi moja.

Mfano huo ni wa kubuni, lakini kosa lililomo ndani yake ni la kila siku. Aghalabu makosa ya Kiingereza huzungumzwa kama jambo la mitihani tu: alama zimepungua, insha imejaa wino mwekundu, mwalimu amekata tamaa. Kwa hakika jambo hili ni pana zaidi. Nchini Kenya, Tume ya Ominde ilipopendekeza mwaka 1964 kwamba Kiingereza kitumiwe kufundishia tangu darasa la kwanza, lugha hiyo ilipewa funguo za milango mingi: elimu ya juu, kazi, mahakama na matibabu. Katiba ya mwaka 2010 ilikifanya Kiswahili kuwa lugha ya taifa na pia lugha rasmi pamoja na Kiingereza, lakini milango hiyo haijabadili funguo zake zote. Kwa hiyo anayekosea katika Kiingereza hupoteza zaidi ya alama.

Madhumuni ya makala haya ni kuonyesha kwamba sehemu kubwa ya makosa ya sarufi na ya muundo wa sentensi afanyayo msemaji wa Kiswahili katika Kiingereza hayatokani na uvivu wala ujinga. Yanatokana na utii. Mwanafunzi anaitii sarufi, ila sarufi anayoitii ni ya Kiswahili. Basi njia fupi ya kulisahihisha kosa ni kumwonyesha mwanafunzi kanuni ya Kiswahili iliyolizaa, kisha kumwonyesha mahali Kiingereza kinapoachana nayo.

Katika mifano ifuatayo, alama ya nyota (*) imewekwa mbele ya sentensi isiyokubalika katika Kiingereza sanifu.

2. Kosa na Kuteleza

Methali yasema: kutenda kosa si kosa, bali kosa ni kurudia kosa. Katika malezi methali hii ina hekima kubwa. Katika kujifunza lugha yafaa igeuzwe, kwa kuwa kosa linalorudiwa ndilo lenye sheria ndani yake, na ndilo linalostahili kuchunguzwa. Mwanaisimu S. Pit Corder, katika makala aliyoyachapisha mwaka 1967, alipambanua mambo mawili: kuteleza kwa ulimi au kalamu, ambako humpata hata mwenye lugha akichoka au akifanya haraka, na kosa lenye mpango, linalotokea kila mara kwa namna ile ile. La kwanza halina la kufundisha. La pili ni dirisha: kupitia kwalo mwalimu huiona sarufi ambayo mwanafunzi amejijengea kichwani.

Kabla ya hapo, mwaka 1957, Robert Lado alikuwa ameeleza kwamba mambo ya lugha ngeni yanayofanana na ya lugha ya kwanza huwa mepesi kwa mwanafunzi, na yanayotofautiana huwa magumu. Wataalamu waliofuata walionyesha kwamba si makosa yote yanayoweza kubashiriwa hivyo, na mwaka 1972 Larry Selinker aliielezea lugha ya mwanafunzi kama mfumo unaojitegemea, ulio kati ya lugha mbili. Maoni haya hayapingani sana. Makosa mengine huletwa na lugha ya kwanza, na mengine huzaliwa ndani ya Kiingereza chenyewe. Mwalimu hana budi kuyatenga.

Ikumbukwe pia kwamba Wakenya wengi hawana Kiswahili kama lugha ya kwanza. Hata hivyo, mengi yatakayosemwa hapa yanawahusu wasemaji wa Kikuyu, Kikamba na lugha za Waluhya, kwa kuwa hizo ni lugha za Kibantu na zina viambishi vya upatanisho kama Kiswahili. Mengine yanawahusu hata wasemaji wa Dholuo, ingawa si lugha ya Kibantu.

3. Kiima na Upatanisho

3.1 Kiima kinachotajwa mara mbili

(1) *"The students they are waiting."
(2) *"My brother he is a teacher."

Katika Kiswahili, kwa kawaida kitenzi hakisimami bila kiambishi cha kiima: "Wanafunzi wa-nangoja". Kiambishi "wa-" hakimtaji mtu wa pili. Kinapatanisha kitenzi na nomino "wanafunzi". Lakini mwanafunzi alipoanza Kiingereza alifundishwa kwamba "wanangoja" ni "they are waiting". Alilipokea neno "they" kama tafsiri ya "wa-". Basi akikutana na "Wanafunzi wanangoja" hujumlisha: "the students", kisha "they are waiting". Hesabu yake ni sawa. Aliyekosea ni mwalimu aliyempa thamani isiyo kamili.

Masahihisho yaanze hapo. Mwanafunzi aelezwe kwamba "they" ya Kiingereza si kiambishi bali ni kiwakilishi, yaani neno linalokaa mahali pa nomino. Nomino ikiwapo, kiwakilishi huondoka: "The students are waiting", "My brother is a teacher".

3.2 Herufi "s" iliyo mahali pawili

(3) *"The boys comes every day."
(4) *"The boy come every day."

Kosa hili hushangaza, kwa maana msemaji wa Kiswahili amezoea upatanisho kuliko Mwingereza. Mtoto wa Lamu au wa Mombasa husema "Vitabu vizuri vimeanguka" bila kufikiri, naye huibeba "vi-" kutoka neno hadi neno. Tatizo lipo papo hapo. Katika Kiswahili ishara ya upatanisho mara nyingi hurudia sauti ile ile: vi-, vi-, vi-. Mwanafunzi akiona "s" mwishoni mwa "boys" hutazamia kuiona tena mwishoni mwa kitenzi. Kiingereza hufanya kinyume: "s" ya nomino ni ya wingi, na "s" ya kitenzi ni ya umoja, nafsi ya tatu, katika wakati uliopo. Hizi ni "s" mbili zisizo na udugu.

Kanuni rahisi ya kukumbukwa ni kwamba katika nomino na vitenzi vya kawaida "s" hukaa upande mmoja tu: "The boy comes", "The boys come". Kanuni hii ina mipaka, kwani katika "The children come" hapana "s" popote. Lakini kwa mwanafunzi mchanga huondoa sehemu kubwa ya kosa.

3.3 "He" na "she"

(5) *"My mother said he will come."

Kiswahili kina "yeye" mmoja na kiambishi "a-" kimoja, kwa mume na kwa mke. Kikuyu na Dholuo pia havitengi jinsia katika viwakilishi vya nafsi. Kiswahili huzigawa nomino kwa ngeli, na katika upatanisho wa ngeli kilicho na uzito ni uhai: "Kiboko amelala", si "Kiboko kimelala", maadamu anayezungumzwa ni mnyama. Kiingereza cha kale nacho kilikuwa na mgawanyo wake wa nomino katika jinsia tatu za kisarufi, na mgawanyo huo ukafifia katika karne zilizofuata. Masalio yake ni "he", "she" na "it".

Mwenye kusema sentensi ya (5) anajua vyema kwamba mama yake ni mwanamke. Kinachomponyoka ni ulazima wa kulitaja jambo hilo kila anapotumia kiwakilishi. Ndiyo maana kosa hili huendelea hata vinywani mwa watu waliobobea katika Kiingereza, hasa wakizungumza kwa kasi. Huko limekwisha kuwa kuteleza kuliko kosa. Dawa yake si maelezo bali mazoezi: mwanafunzi asimulie kisa kirefu cha mtu mmoja mwanamke na mmoja mwanamume, naye alazimike kuchagua katika kila sentensi.

4. Virejeshi

(6) *"That is the boy whom I saw him yesterday."
(7) *"This is the house which we lived in it."

Sentensi ya (6) ni kivuli cha "Yule ndiye mvulana ambaye nilimwona jana", na ya (7) ni kivuli cha "Hii ndiyo nyumba ambayo tuliishi ndani yake". Kiswahili kina kirejeshi "ambaye", na bado kitenzi hubeba "-m-" ya yambwa. Na baada ya "ndani" huhitajiwa "yake". Anayeacha "-m-" katika sentensi hiyo ya Kiswahili hukosolewa. Basi mwanafunzi anapoiandika "him" katika (6), analeta uangalifu aliofunzwa katika somo la chumba cha pili.

Katika Kiingereza, "whom" haikuongezwa juu ya "him". Imechukua mahali pake. "I saw him" hugeuka "whom I saw". Neno limehama kutoka mwishoni na kuja mwanzoni, na kiti kilichoachwa hakina budi kubaki kitupu. Kwa hiyo: "That is the boy whom I saw yesterday", "This is the house which we lived in", au "in which we lived". Zoezi linalofaa ni kumpa mwanafunzi sentensi mbili, "That is the boy" na "I saw him", aziunganishe kwa kulifuta neno "him" na kuliandika upya mbele kama "whom".

5. "A" na "the"

(8) *"He is teacher."
(9) *"I bought book yesterday. Book is on table."

Husemwa mara kwa mara kwamba Kiswahili hakina maneno ya namna ya "a" na "the", na kwamba kwa sababu hiyo mwanafunzi hana budi kukariri. Sehemu ya kwanza ya kauli hiyo ni kweli. Ya pili si lazima. Kiswahili hakina maneno hayo, lakini tofauti ya maana inayobebwa nayo kinayo. Zilinganishwe sentensi hizi:

(10) "Umeona kitabu?"
(11) "Umekiona kitabu?"

Katika (10) anayeuliza hana kitabu maalumu akilini. Katika (11) anakiulizia kitabu ambacho yeye na mwenzake wanakijua. Tofauti hiyo imo ndani ya kiambishi "-ki-", nayo inakaribia sana tofauti ya "a book" na "the book". Mwanafunzi amekuwa akiitumia tangu utotoni pasipo kuambiwa jina lake. Akionyeshwa hivyo, "the" huacha kuwa mdudu mgeni.

Kipimo hiki kina mpaka. Yambwa ikiwa ni mtu au mnyama, kiambishi hutumika hata pale asipojulikana: "Nimemwona mtu" yaweza kuwa mtu yeyote. Hapo kipimo kiwe "yule": ikiwa yawezekana kusema "yule mtu" bila kubadili maana, basi ni "the man"; ikiwa haiwezekani, ni "a man". Kwa sentensi kama ya (8) hakuna kipimo cha Kiswahili. Hapo mwanafunzi akumbuke tu kwamba nomino ya umoja inayohesabika na inayotaja kazi au aina ya kiumbe hudai "a" au "an": "He is a teacher", "It is an animal".

6. Kitenzi: Nyakati na Hali

6.1 "-na-"

(12) *"I am knowing him."
(13) *"She is having two children."

Kiambishi "-na-" hutumika kwa jambo linalotendeka sasa hivi, "Anasoma, usimsumbue", na pia kwa jambo la kawaida au la kudumu, "Anasoma Chuo Kikuu", "Ninamjua". Kiingereza hugawa kazi hiyo mara mbili. Mwanafunzi aliyefundishwa kwamba "-na-" ni "am", "is" au "are" pamoja na "-ing" huipeleka kanuni hiyo mpaka kwenye vitenzi vya kujua, kumiliki, kupenda na kuamini, ambavyo kwa kawaida havikubali "-ing". Sahihi ni "I know him", "She has two children".

Kwa vitenzi vya matendo, kipimo ni kiambishi "hu-". Pale ambapo "Husoma gazeti" yaweza kuchukua nafasi ya "Anasoma gazeti" bila kubadili maana, Kiingereza hutaka "He reads". Pale isipoweza, "He is reading".

6.2 "-me-"

(14) *"The child has slept, do not make noise."
(15) *"The man who has worn a red coat is my uncle."

Makosa haya mawili husikika kote Afrika ya Mashariki, nayo yanaeleza mengi kuhusu Kiswahili. Vitenzi kama lala, vaa, simama, keti, choka na kasirika hutaja kuingia katika hali fulani. Vikipewa "-me-", humaanisha kwamba mtu amekwisha kuingia katika hali hiyo naye bado yumo: "amelala" yu usingizini, "amevaa koti" koti li mwilini. Kiingereza hakitumii "has" kwa jambo hilo. Hutumia "is", ama na kivumishi ama na "-ing": "The child is asleep", "The man who is wearing a red coat", vivyo hivyo "He is standing", "I am tired", "She is angry".

Mwanafunzi ajiulize swali moja. Je, "-me-" hii inajibu "Amefanya nini?" au inajibu "Yukoje sasa?" Ikijibu la kwanza, kama "Amevunja kikombe", atumie "has": "He has broken a cup". Ikijibu la pili, atumie "is".

6.3 "-nge-" na "-ngali-"

(16) *"If I would have known, I would have come."

Kiswahili hutia alama ya masharti katika vishazi vyote viwili: "Ningalijua, ningalikuja". Ulinganifu huo ni mzuri, na ndio unaohamishwa katika (16). Sentensi hii husikika hata kwa baadhi ya wenye lugha ya Kiingereza, lakini katika maandishi sanifu haikubaliki. Kishazi chenye "if" hukataa "would". Badala yake kitenzi hurudi nyuma hatua moja ya wakati. "Know" huwa "knew", na "knew" huwa "had known": "If I had known, I would have come".

Kurudi nyuma huko ndiko pia kunakohitajiwa katika usemi wa taarifa. Kiswahili husema "Alisema kwamba anaumwa", kikaliacha "-na-" kama lilivyotamkwa na mwenyewe. Kiingereza hulivuta: si *"He said that he is sick" ikiwa ugonjwa umekwisha kupita, bali "He said that he was sick".

7. Muundo wa Sentensi

7.1 "-ka-" na alama ya mkato

(17) *"He arrived, he sat down, he ate, he slept."

Walimu wengi wa insha hulalamika kwamba wanafunzi hawajui mahali sentensi inapokwisha. Yafaa waitazame sentensi ya Kiswahili: "Alifika, akaketi, akala, akalala." Hiyo ni sentensi moja, safi, isiyo na kiunganishi hata kimoja, kwa sababu kiunganishi kimo ndani ya kitenzi. Kiambishi "-ka-" ndicho kamba inayofunga tendo hili na lililotangulia, na mkato ni pumziko tu. Kiingereza hakina kamba hiyo. Ukiitoa "-ka-" usiweke kitu mahali pake, sentensi hubaki vipande vilivyoegemezwa juu ya mkato, nao hauna nguvu ya kuvishika. Sahihi ni "He arrived, sat down, ate and slept"; au sentensi mbili zenye nukta kati yake.

7.2 "-ki-" na mtendaji aliyepotea

(18) *"Walking along the road, a snake appeared."

Msomaji wa (18) huelewa kwamba nyoka ndiye aliyekuwa akitembea barabarani. Kiswahili hakina hatari hii: "Nikitembea barabarani, nyoka alitokea". Kiambishi "ni-" kilichotangulia "-ki-" kinamtaja mtembezi, na nyoka amebaki nyoka. Umbo la "-ing" la Kiingereza halina nafsi. Hukopa kiima cha kishazi kinachofuata. Kwa hiyo ama mtembezi atajwe, "As I was walking along the road, a snake appeared", ama awe kiima cha kishazi kikuu, "Walking along the road, I saw a snake".

7.3 Viunganishi, vihusishi na ulinganishaji

(19) *"Although he is poor but he is happy."

Kiswahili huruhusu "Ingawa ni maskini, lakini ana furaha", ambapo viunganishi viwili hushirikiana. Kiingereza hutosheka na kimoja: "Although he is poor, he is happy", au "He is poor but happy".

(20) *"He removed the money in his pocket."

Kiambishi "-ni" hutaja mahali tu. Mwelekeo umo katika kitenzi. "Anatoka mjini, anakwenda mjini, anakaa mjini": neno "mjini" halikubadilika. Kiingereza huuweka mwelekeo katika kihusishi: "from town", "to town", "in town". Kwa hiyo "Alitoa fedha mfukoni" ni "He took the money out of his pocket".

(21) *"Explain me this matter."

Hii ni tafsiri ya "Nieleze jambo hili". Kitenzi cha Kiswahili humpokea mtu kama yambwa bila taabu. Vitenzi vya Kiingereza kama "give" na "tell" hufanya hivyo pia, lakini "explain", "suggest" na "say" hukataa, navyo hutaka "to": "Explain this matter to me". Mwisho, "Yeye ni mrefu kuliko mimi" huzaa *"He is tall than me", kwa sababu "kuliko" peke yake yatosha kulinganisha. Kiingereza hudai alama mbili: "taller" na "than".

8. Ndiyo na La

Hapa ndipo pa kurudia swali la muuguzi. "Ndiyo" ya Kiswahili, kwa asili yake, humaanisha kwamba mambo ndivyo yalivyo kama ulivyosema. Humthibitishia mwulizaji maneno yake, yawe ya kukubali au ya kukana. "Hukumwona?" "Ndiyo, sikumwona." "La" nayo huyakataa maneno yake: "La, nilimwona." Yaani jibu la Kiswahili hulitazama swali. Jibu la Kiingereza halilitazami swali. Hukitazama kitenzi cha jibu. Kitenzi kikiwa na "not", jibu ni "No". Kisipokuwa nayo, ni "Yes". Kwa swali lisilo na ukanushi, lugha mbili hizi hupatana, na ndiyo maana tofauti hujificha kwa miaka mingi. Swali likiwa na ukanushi, huachana kabisa.

Mtu asidhani kwamba Kiingereza kimekuwa hivyo daima. Zamani kilikuwa na majibu manne: "yea" na "nay" kwa swali lisilo na ukanushi, "yes" na "no" kwa swali lenye ukanushi. Waingereza wenyewe waliyachanganya. Katika miaka ya 1530 Thomas More alimkosoa William Tyndale, mfasiri wa Biblia, kwa kutoyatumia ipasavyo. Baadaye "yea" na "nay" zikaachwa na jozi moja ikabeba kazi yote. Msemaji wa Kiswahili anayetatizika hapa ana wenzake wa heshima.

Masahihisho yana pande mbili. Anayejibu asiliache neno uchi: aseme "No, I did not" au "Yes, I did", nacho kitenzi kitamlinda. Na anayeuliza, awe muuguzi, hakimu au karani, asiulize kwa ukanushi mtu ambaye Kiingereza si lugha yake ya kwanza. "Did you eat this morning?" haina mtego. Kosa hili basi si la mgonjwa peke yake.

9. Makosa Yasiyoletwa na Kiswahili

Isidhaniwe kwamba kila kosa lina mzazi wake katika Kiswahili. *"He did not went" na *"childrens" hutokana na mwanafunzi kuitumia kanuni ya Kiingereza kupita mpaka wake. Hata watoto wa Kiingereza hupita katika hatua ya kusema *"goed". Kadhalika *"He asked me where am I going": Kiswahili, "Aliniuliza ninakwenda wapi", hakipindui mpangilio wa maneno. Ni Kiingereza kinachopindua katika swali la moja kwa moja, na mwanafunzi ameichukulia kanuni hiyo mbali mno. Sahihi ni "He asked me where I was going".

Hata hapo Kiswahili chaweza kusaidia. Kwa nini isisemwe *"did not went"? Kwa sababu ile ile isemwayo "alisoma" na "hakusoma", wala si *"hakulisoma" kwa maana hiyo. "-ku-" ya kukanusha ikiingia, "-li-" hutoka. Wakati uliopita hutajwa mara moja tu. Katika "did not go", "did" imekwisha kuubeba wakati uliopita, na kitenzi hakina haja ya kuubeba tena.

Nomino kama "advice", "information" na "furniture" hazikubali wingi, na hapo hakuna mantiki ya kutafuta. Mwanafunzi aliyezoea shauri na mashauri atasema *"advices". Hana budi kuzikariri nomino hizo, kama mgeni anayejifunza Kiswahili anavyokariri kwamba "maji" hayana umoja.

10. Hitimisho

Kwa muda mrefu shule nyingi za Kenya zilidhani kwamba Kiingereza kitaingia iwapo lugha nyingine zitafukuzwa. Watoto waliadhibiwa kwa kusema lugha ya mama; Ngũgĩ wa Thiong'o ameyaeleza hayo katika kitabu chake cha mwaka 1986, Decolonising the Mind. Makosa yaliyojadiliwa hapa yanaonyesha kwamba adhabu ile haikufikia lengo lake. Mtoto aliweza kukatazwa maneno ya lugha yake, lakini hakuna aliyeweza kumkataza sarufi yake. Ilijificha ndani ya Kiingereza, ikaonekana kama kosa.

Mfumo wa 8-4-4, ulioanza mwaka 1985, ulikifanya Kiswahili kuwa somo la lazima na la kutahiniwa. Tangu hapo masomo haya mawili yamekaa shule moja, lakini mara nyingi kama majirani wasioamkuana. Mwalimu wa Kiswahili humfundisha mwanafunzi "-me-", "-ka-" na "ambaye", asijue kwamba saa moja baadaye viambishi hivyo hivyo vitapigwa mstari mwekundu katika insha ya Kiingereza. Mwalimu wa Kiingereza naye hupiga mstari asijue anakosoa nini. Wakiketi pamoja na daftari moja la mwanafunzi mbele yao, wataona kwamba wanasoma lugha mbili zilizoandikwa katika mstari mmoja.

Kuna wasemao kwamba baadhi ya maumbo haya yamekwisha kuwa Kiingereza cha Afrika ya Mashariki na hayapaswi kuitwa makosa. Hoja hiyo ina uzito wake, na haina budi kujadiliwa kwa makini. Lakini mwanafunzi hawezi kuuchagua usemi anaoutaka kabla ya kuzijua tofauti zake. Akijua kwa nini anasema "the child has slept", na kwa nini Mwingereza hasemi hivyo, uchaguzi utakuwa wake. Asipojua, sarufi itamchagulia, na siku moja atajibu "No" mahali ambapo "Yes, I did" ingemwokoa.